Kifaa Kimoja, Chenye Miguu

Siku hiyo ilikuwa Jumanne, kama ilivyokuwa jana yake na juzi yake. Ofisi inayotoa siku katika nchi hii ilikuwa imepoteza fomu ya Jumatano, na wananchi waliombwa wavumilie mpaka ipatikane. Walivumilia. Waliopanga kuoana Jumamosi walibaki wachumba, na wafungwa waliobakiza siku tatu waliendelea kubakiza siku tatu. Ndalu aliondoka Msitu wa Sega akiwa na miaka kumi na saba, akatembea siku nne ambazo zote zilikuwa Jumanne, akafika kwenye lango la Baraza la Ramani akiwa bado na miaka kumi na saba na malengelenge sita. Mgongoni alibeba projekta. Nyuma yake alikuja bibi yake, Siyoko, msimuliaji mkuu wa Watu wa Sega, ambaye hakuwa na lengelenge hata moja na alilitaja jambo hilo mara kwa mara. Nyuma ya Bibi alikuja binamu yake Ndalu, Gadiye, fundi wa sauti, akiwa amejiviringishia waya shingoni kama mtu anayejiandaa kwa msiba wake mwenyewe.

Langoni alikaa askari mwenye kitabu.

"Mnatoka wapi?"

"Msitu wa Sega," alisema Ndalu.

Askari alifunua ramani, akaifuata kwa kidole mpaka juu, kushoto, mahali palipopakwa kijani. Katikati ya kijani palikuwa na herufi nne kubwa. "Sega hakuna watu. Imeandikwa hapa. TUPU."

"Ndilo lililotuleta."

"Mmekujaje, na hampo?"

"Kwa miguu," alisema Bibi Siyoko.

Askari aliwaza. Ni wazi kwamba hakupenda kuwaza kabla ya chai. Ndalu akamwokoa kwa kumpa barua, ambayo Baraza lenyewe lilikuwa limeituma Sega, kwa anuani ya mti, ikisema hivi: Baraza halipokei watu kutoka maeneo matupu, kwa kuwa hawapo. Baraza linapokea vielelezo, pamoja na vifaa vya kuvionyeshea. Ramani ya mwisho itachapwa Jumanne.

"Vielelezo mnavyo?"

"Tuna filamu."

"Na kifaa?"

Ndalu alijigeuza ili projekta ionekane. Askari aliitazama projekta, kisha akaitazama mikanda yake, kisha miguu iliyokuwa chini ya mikanda, akaona kwamba haiwezekani kuingiza kimoja bila kingine. Akaandika kitabuni, akitamka kila neno: "Kifaa kimoja. Chenye miguu." Akainua kalamu. "Ila uelewe. Kifaa hakiongei. Kikiongea mle ndani kitakuwa ni mtu, na mtu wa Sega hayupo, kwa hiyo kitatolewa nje."

"Kimeelewa," alisema Ndalu, na mara hiyo akajiona amekosea, akafumba mdomo.

Bibi alimvuta sikio taratibu, kama alivyomvuta tangu utotoni. "Mke mwenzangu," alisema, maana ndivyo bibi wa Sega wanavyowaita wajukuu wao wa kike, wakidai wamegawana mume mmoja, yaani babu, "kwenye filamu nimewauliza wao. Usije ukaniitikia wewe."

"Na wasipoitika, Bibi?"

"Basi tutajua nani hayupo."

Hapa ni lazima masimulizi yasimame kidogo, yavue kofia, yatazame swali la kuwepo, kwa sababu hakuna sura nzito isiyotazama swali hilo. Kuwepo ni nini? Wahenga wa nchi nyingi wamekuna vichwa juu ya swali hili mpaka wakapata upara. Lakini Ndalu alikuwa amesoma shule ya bweni, na katika shule ya bweni jambo hilo limekwisha kutatuliwa. Kuwepo ni kuitika. Mwalimu wa zamu anasimama na daftari saa kumi na mbili asubuhi, saa nane mchana na saa tatu usiku, anataja jina, na sauti ikitoka mahali fulani gizani ikasema "Nipo", basi mtu huyo yupo, hata kama mwili wake uko nyumbani kwa shangazi ukila wali wa nazi. Kidato cha tatu Ndalu aliwahi kuwa watu tisa kwa muhula mmoja. Alikuwa na sauti nyembamba ya Felgona, sauti ya puani ya Mbuke, kikohozi cha Zawelina. Zawelina hakukanyaga shule tangu Pasaka, naye ndiye aliyepewa kikombe cha mahudhurio bora. Ndalu alikwenda kukipokea jukwaani, akakohoa, akapigiwa makofi. Usiku ule alilala akijiuliza yeye ni yupi kati ya wale tisa, akakosa jibu, akalala vizuri tu.

Kwa hiyo alipopata barua ya Baraza hakushangaa. Alichoelewa ni kwamba mahali fulani kuna daftari, jina la Sega limetajwa, na hakuna aliyesema yupo. Akaazima kamera ya chama cha tamthilia cha shule, kuazima kwa maana pana ya neno hilo, akarudi nyumbani. Aliwaambia watu wake: tutawasimulia wale waheshimiwa hadithi ya Mlembe. Maana hadithi ya Mlembe ndiyo hati ya Msitu wa Sega. Ndani yake mna kila mto, kila mwamba na kila mti wenye mzinga, kwa mpangilio, na anayeijua yote hapotei. Bila hadithi hiyo msitu ungechapwa TUPU, ungezungushiwa seng'enge, na mizinga mia tatu ingeshushwa na kuchomwa kama takataka zisizo na mwenyewe.

Wote walikubali. Kosa likafanyika hapo hapo.

Ni kosa ambalo wangeweza kulifanya wao tu. Msimuliaji wa Sega haanzi hadithi kwa kuanza. Anaanza kwa kuuliza "Mpo?" na wasikilizaji wanaitika "Tupo", na kila baada ya maneno machache anauliza tena, nao wanaitika tena, kama mlembe mwenyewe, yule ndege anayeongoza watu kwenye asali, anavyolia na kusubiri apigiwe mluzi kabla ya kuruka mti unaofuata. Asipopigiwa mluzi haendi. Msimuliaji asipoitikiwa haendi. Lakini Gadiye alikuwa amesoma ukurasa mmoja wa kitabu cha mafunzo ya filamu, na ukurasa huo ulisema kwamba sauti ya pembeni ni adui. Aliwakusanya watu arobaini wa Sega nyuma ya kamera, akaweka kidole mdomoni, akawatazama kwa macho ya mtu aliyepewa cheo.

"Kimya. Tunarekodi."

Bibi Siyoko alikaa kwenye gogo, akatazama ndani ya kioo cha kamera, akauliza:

"Mpo?"

Watu arobaini walikuwepo, na watu arobaini walinyamaza. Vifua viliwajaa "tupo" mpaka mashavu yakavimba. Ndalu, nyuma ya kamera, alijing'ata ulimi. Bibi alisubiri. Alisubiri kwa heshima, kisha kwa subira, kisha kwa mshangao, kisha tena kwa heshima. Mbwa alipita, akamtazama, akaondoka. Dakika kumi na moja. Halafu Bibi akasema "Basi," akainuka, akaenda kupasua kuni, na betri, iliyokuwa moja, ikazimika.

Huo ndio ulikuwa mwisho wa filamu, na mwanzo wake, na katikati yake.

Ndalu alitaka kuongeza sauti za waitikiaji baadaye. Angeweza kuzifanya zote arobaini mwenyewe, na mbwa. Lakini Bibi alipoonyeshwa picha yake ikisubiri, aliitazama yote bila kupepesa, akasema: "Iko sawa. Usiguse."

"Bibi, hamna hadithi humu."

"Mlitaka niitikiwe na nani? Na ninyi? Ninyi najua mpo, mnanimalizia ugoro kila siku. Nenda nayo ukawaulize wale."

Ukumbi wa Baraza la Ramani ulikuwa na viti kumi na viwili na haukuwa na dirisha. Dirisha humwonyesha mtu nchi, na nchi ikitofautiana na ramani huleta mabishano. Chini ya sakafu mtambo wa kuchapa ulikuwa umekwisha kuwashwa. Ulinguruma polepole, kama tumbo. Ukutani palikuwa na meza ya chai: birika, vikombe, sinia la maandazi lililofunikwa kitambaa. Wajumbe waliitazama meza hiyo jinsi waumini wanavyotazama madhabahu.

Mwenyekiti, Mheshimiwa Kwilasa, alikuwa mtu mpana aliyevaa miwani kwenye paji la uso, ambako haikumsaidia. Kando yake alikaa Karani Tendega, mwembamba kama kalamu yake. Karani alikuwa ameapa, miaka thelathini iliyopita au kesho, kuandika kila kinachotokea kikaoni, na alikitunza kiapo chake kwa ukali. Katika vitabu vyake mlikuwa na chafya mia sita za Mwenyekiti, zote na tarehe.

"Kielelezo," alisema Mwenyekiti. "Upesi. Ramani iko mtamboni na chai inapoa."

Ndalu aliwasha projekta, akasimama kando yake kama kigoda.

Bibi Siyoko alitokea kwenye kitambaa cheupe, mkubwa mara tatu ya alivyo, mzinga ukining'inia nyuma ya bega lake. Akawatazama wajumbe mmoja mmoja. Ni kweli alikuwa ametazama kioo cha kamera tu, lakini kila mjumbe baadaye aliapa kwamba yeye ndiye aliyetazamwa.

"Mpo?"

Dakika ya kwanza ilikuwa ya adabu. Dakika ya pili mjumbe mwenye tai ya kijani alidhani ni mwisho, akapiga makofi, akaona yuko peke yake, akayageuza makofi kuwa kufukuza nzi. Dakika ya nne mbwa alipita. Wajumbe walimfuatilia kwa matumaini makubwa, naye akawaangusha.

"Imekwama?" Mwenyekiti alimuuliza Ndalu.

Kifaa hakikujibu.

"Haijakwama, Mheshimiwa," alisema wa tai ya kijani. "Amepepesa macho."

"Sasa anangoja nini?"

Mtambo ulinguruma. Ndalu alikuwa akitazama namba za dakika zikibadilika kwenye projekta: sita, saba. Ikifika kumi na moja Bibi atasema "Basi", atainuka, na kitambaa kitabaki cheupe. Wao watakunywa chai, na huko chini herufi nne zitashuka juu ya msitu. Na hapa, kwenye dakika ya tisa, Ndalu alifungua mdomo. Angeweza. Sauti zote zilikuwa tayari. Angemfanya Mwenyekiti kwa sauti ya tumboni, wa tai ya kijani kwa sauti ya puani, angewafanya wote kumi na wawili kwenye giza hili, "tupo" kumi na mbili safi, na hakuna ambaye angejua nani hakusema. Alikuwa amejenga jina lake lote juu ya ufundi huo. Watu tisa waliokuwa ndani yake walisimama kwa pamoja, wakakohoa, wakangoja ruhusa. Na Ndalu, ambaye hajawahi kuwanyima, aliwanyima. Wakae. Hajaulizwa yeye. Yupo, hayupo, sijui, lakini safari hii hajaulizwa yeye. Wakae chini. Zawelina, acha kukohoa.

Karani Tendega ndiye aliyeinua kalamu.

"Mheshimiwa, kuna swali mezani."

"Swali gani?"

"'Mpo?'"

"Hilo si swali. Hiyo ni picha."

"Picha imeuliza."

"Nani kwenye picha?"

"Bibi mmoja wa Sega."

"Tendega, Sega hakuna mtu."

"Sawa, Mheshimiwa." Karani aliinama, akaandika, akasoma alichoandika. "'Baraza liliulizwa na hakuna mtu kama lipo, nalo halikujibu.'"

Mwenyekiti aligeuka kutoka kwenye meza ya chai.

"Soma tena."

Alisoma tena. Mara ya pili ilikuwa mbaya zaidi.

"Halikujibu," alisema Mwenyekiti. "Kikanuni, hiyo ina maana gani?"

"Kanuni ya tatu, Mheshimiwa. Asiyeitika hayupo. Baraza lisipokuwepo, hakuna kikao." Karani alisita, akaitazama birika kwa huzuni ya kweli. "Pasipo kikao, hakuna chai ya kikao."

Wajumbe waligeukiana. Wa tai ya kijani alijishika mkono, kisha mguu. Aliyekaa mwisho wa meza alitaja jina lake kwa sauti ndogo, akangoja, akaridhika kidogo. Saa ya projekta ilionyesha dakika kumi na sekunde arobaini. Mheshimiwa Kwilasa alishusha miwani kutoka kwenye paji, akaiweka machoni, kwa mara ya kwanza tangu ateuliwe, akamtazama yule mwanamke mkubwa aliyekuwa akimngoja. Akasema, kwa sauti ambayo bila shaka ndiyo aliyoitumia utotoni alipoitwa kutoka uani:

"Tupo, bibi."

Dakika ya kumi na moja. Ndalu alifumba macho asimwone Bibi akiinuka.

"Haya," alisema Bibi Siyoko. "Nilidhani mmelala."

Ndalu alifumbua. Bibi alikuwa bado kwenye gogo, akijiweka sawa. Dakika ya kumi na mbili. Ndalu aliinama akakagua kadi, akakagua betri, akakagua waya, ambao haukuwa umechomekwa popote. Kuna mambo ambayo mwanafunzi wa mchepuo wa sayansi anapaswa kuyatolea maelezo. Ndalu aliamua kuyatolea maelezo siku ya Jumatano.

"Zamani hakukuwa na watu," alisema Bibi. "Kulikuwa na ndege. Mpo?"

"Tupo," walisema wajumbe watatu.

"Ndege akalia kwenye mwamba wa Kiduma. Kitu cha kwanza kikasikia, kikanyamaza. Kile ni jiwe, na bado liko pale, mkono wa kushoto. Mpo?"

"Tupo," walisema saba.

"Akaruka mpaka mtoni, akalia. Kitu cha pili kikasikia, kikakimbia. Yule ni swala. Akaruka mpaka kwenye mfudu wenye mzinga, akalia. Kitu cha tatu kikasikia, kikapiga mluzi. Kilipopiga mluzi kikaota masikio, kikaota njaa, kikaota jina. Mpo?"

"Tupo," walisema wote kumi na wawili, na mmoja akapiga mluzi, akaomba radhi.

Hadithi ilikwenda mti kwa mti. Iliingia kwenye kila bonde la kile kijani kisicho na kitu. Chai ilipoa, ikasahauliwa, na maandazi yakabaki chini ya kitambaa chao. Karani aliandika kila "tupo", na zilipofika arobaini na tatu Bibi alinyamaza, akaanza kutafuta ugoro wake mfukoni. Hapo Mwenyekiti alikumbuka kwamba yeye ni Mwenyekiti.

"Tendega. Tumefanya nini?"

"Mmeongea na mkazi wa Sega mara arobaini na tatu, Mheshimiwa. Ama yeye yupo, ama ninyi hampo. Niandike lipi?"

"Simamisheni mtambo," alisema Mwenyekiti kwa haraka. "Tubadilishe lile neno."

"Kanuni ya tisa inaruhusu kusahihisha herufi moja tu. Zikizidi hapo ni ramani mpya. Ramani mpya inataka kamati, na kamati hukaa Jumatano."

Wajumbe wote waliguna. Walileta karatasi, wakaandika TUPU, wakaanza kuitesa. Mmoja alipendekeza TUFU, hakujua maana yake. Mmoja alipendekeza KUPU, akasema inasikika kitaalamu. Wa tai ya kijani alisema, "TUPA," na akaonekana kuridhika.

"Herufi moja," Karani alikubali, akashika kalamu. "T, U, P, A. Niandike?"

"Ina tatizo gani?" aliuliza wa tai ya kijani. "Ni neno zuri. Lina amri ndani yake."

"Andika," alisema Mwenyekiti, amechoka. "Tuende chai."

Na hapo hapo, kwenye kitambaa, Bibi Siyoko aliinua uso. Msimuliaji wa Sega hafungi hadithi mpaka aulize mara ya mwisho. Aliuliza, bila kumtazama mjumbe yeyote:

"Mpo bado?"

Wajumbe walikuwa wakibishana kuhusu herufi A. Hakuna aliyesikia. Bibi alingoja. Ndalu aliijua ngoja hiyo. Alikuwa amesimama nyuma ya kamera dakika kumi na moja, ulimi katikati ya meno, akiogopa kuharibu sauti. Sasa hapakuwa na mwingine wa kuulizwa. Hakuchagua kati ya zile sauti tisa. Ilitoka ya kumi, nene kidogo, yenye mkwaruzo, asiyoitambua.

"Tupo," alisema Ndalu.

Ukumbi mzima uligeuka.

"Nani amesema?" aliuliza Mwenyekiti.

"Kifaa," alisema wa tai ya kijani.

"Kifaa hakiongei."

"Ndiyo hivyo, Mheshimiwa," alisema Karani Tendega. Lakini alikuwa haangalii kifaa. Alikuwa anaangalia karatasi, midomo ikienda. "T, U, P," alisema. "O." Alihesabu kwa kidole, akahesabu tena. "Herufi moja, Mheshimiwa. Na tayari tunayo kwenye kumbukumbu. Mara arobaini na nne."

Ndalu alitolewa nje kwa kosa la kuwa mtu. Walimtoa kwa adabu, wakamrudishia projekta mgongoni, wakamfungulia mlango, na mmoja akamtilia andazi mfukoni.

Langoni Gadiye alikuwa amelala juu ya waya zake. Bibi Siyoko alikuwa akimfundisha askari kupiga mluzi wa asali, naye askari alikuwa amefika mahali pazuri.

"Waliitika?" aliuliza Bibi.

"Waliitika."

"Na wewe?"

Ndalu alitazama malengelenge yake. "Mwishoni tu."

"Nilikusikia," alisema Bibi, na hakusema ni kutoka wapi.

Ramani ilitoka mtamboni ikiwa bado na unyevu, ikaletwa langoni. Askari aliifunua, akakifuata kidole chake juu, kushoto, kwenye kijani. Alisoma kwa sauti, kama alivyozoea: "Msitu wa Sega. Tupo." Akainua uso. "Akina nani?"

"Sisi," alisema Bibi Siyoko.

Askari alikubali, kwa kuwa ilikuwa imeandikwa. Kisha akafungua kitabu chake awatoe, na uso ukamharibika. "Hapa kuna tatizo. Kimeingia kifaa kimoja, chenye miguu. Anayetoka ni mtu aliyebeba projekta. Kifaa chenye miguu kiko wapi?"

Ndalu aliitafakari hoja hiyo kwa uzito uliostahili.

"Kimebaki ndani," alisema.

Wakaondoka watatu, Bibi mbele. Nyuma yao kengele ililia, na wajumbe kumi na wawili waliitwa kutoka mezani, vikombe mikononi, wakatafute chini ya viti na nyuma ya mapazia, kwa maana kikao hakifungwi kukiwa na kifaa kinachozurura jengoni. Wanakitafuta mpaka leo, wakikiita kila chumba na kunyamaza kidogo, kisikie. Na leo, kwa taarifa zilizopo, bado ni Jumanne.